Maswali na Majibu: Nasaba za Walowezi wa Kwanza wa Kiingereza Marekani

Mume wangu ni wa Massachusetts. Kwao husema wametokana na abiria wa Mayflower, ile meli ya walowezi wa Kiingereza. Nataka wanangu wajue ukweli, nianzie wapi?

Anza na wanao, dada yangu, usianze na meli. Panda kizazi baada ya kizazi: vyeti vya kuzaliwa, ndoa, wosia, hati za ardhi. Usimvuke mzazi yeyote kabla hujampatia ushahidi. Meli hiyo ilibeba abiria 102 mwaka 1620, na karibu nusu yao walifariki kipupwe cha kwanza, kwa hiyo walioacha uzao ni wachache. General Society of Mayflower Descendants, chama cha wazao wa abiria hao kilichoundwa 1897, kimechapisha vizazi vitano vya mwanzo vya familia nyingi kati ya hizo. Ukifika karne ya 18 na hati zako mkononi, utakutana nao njiani.

Ndoa ilifungwa Aprili 1641, mtoto akazaliwa Februari 1641. Alizaliwa kabla ya ndoa?

Hapana, msiwasingizie marehemu. Hadi 1752 Waingereza na makoloni yao walihesabu mwaka kuanzia 25 Machi. Februari hiyo ilikuja miezi kumi baada ya harusi. Kwa hesabu yetu ya leo ni 1642. Andika 1641/42, asije mwingine akairekebisha mara ya pili.

Nimepata jina la babu yetu kwenye daftari la parokia Uingereza, na mwaka unalingana. Ndiye?

Bado. Madaftari hayo yalianza 1538, na kina John na William wamejaa kila kijiji. Angalia kwanza kama mtoto huyo hakuzikwa palepale akiwa mdogo. Kisha tafuta wosia wa ndugu aliyebaki, unaomtaja aliyevuka bahari. Nasisitiza kwa sababu Gustave Anjou aliwauzia Wamarekani matajiri nasaba za kughushi, na uongo wake ungali unanakiliwa hadi leo.

Je, Waafrika wamo kwenye orodha za walowezi?

Wamo. Orodha ya wakazi wa Virginia, koloni la Kiingereza, ya 1624/25 inawataja Antoney na Isabell, pamoja na mtoto wao William aliyebatizwa, katika kaya ya William Tucker. Yumo pia Angelo, mwanamke aliyeletwa na meli ya Treasurer. Hawakuandikiwa jina la ukoo wala umri, ilhali Waingereza wengi wameandikiwa vyote viwili. Naumia kuona watafiti wakiiruka mistari hiyo. Wosia na orodha za mali za walowezi mara nyingi ndizo hati pekee zenye majina ya wazee wa Wamarekani Weusi, maana watumwa waliandikwa humo kama mali, kwa hiyo ukizifungua, nakili kila jina, hata lisilo la ukoo unaoutafuta.