Beseni la mtoto limenivuruga na mke wangu

"Shangazi, ndoa yetu ina miezi minne, tunaishi Mbagala. Nilikuta vipande vya udongo kwenye mkoba wa mke wangu, na kipimo cha mimba kwenye ndoo ya taka, kina mstari mmoja. Nikajua tayari. Sikumuuliza. Nikamkataza kubeba maji, nikanunua beseni la mtoto nikalificha uvunguni, nikampigia mama Tanga. Mke wangu kaliona beseni, anasema nina mtoto nje, kakimbilia kwa somo yake. Mama anakuja Jumamosi. Nifanyeje?"

Mwanangu, mstari mmoja hauna mimba. Ule wa herufi C unaonyesha tu kwamba kipimo ni kizima. Mimba ni mistari miwili, hata wa pili uwe hafifu, na husomwa ndani ya dakika zilizoandikwa kwenye karatasi yake, si baada ya kulala kwenye maganda ya vitunguu.

Udongo nao si ushahidi. Wapo wanaoutafuna tangu usichana. Ila akapime damu, maana hamu hiyo mara nyingi huendana na upungufu wa damu, na udongo wenyewe huweza kuwa na mayai ya minyoo.

Sasa jiweke upande wake. Mume ghafla anachota maji, ananong'ona na simu kibarazani, halafu uvunguni kuna beseni jipya la mtoto. Hata mimi ningekwenda kwa somo!

Nenda huko leo, mwenyewe, bila meseji wala mshenga. Beba beseni na risiti. Sema yote mbele ya somo, pamoja na la mama, maana hilo ndilo litakalomuuma zaidi: habari ya tumbo lake kafikishiwa mkwe kabla yake. Kisha muulize alipopima alikuwa anaomba iwepo au isiwepo. Nahisi hamjawahi kulizungumza. Kama hedhi bado haijaja, arudie kupima baada ya wiki, kwa mkojo wa asubuhi, msome wote wawili. Ikiwepo, kliniki mwende pamoja kabla ya wiki 12.

Mama mpigie usiku huu. Usithubutu kumwambia mimba imetoka ili kuficha aibu, atakuja na shangazi zako wote kutoa pole. Mwambie uliropoka. Na uwahi kabla hajapanda basi, maana akishafunga khanga za uzazi na bizari kwenye kikapu, hata umwonyeshe vipimo kumi atasema vyote vibovu.