Shangazi, ni kweli kuna aliyecheza mama mmoja miaka 54?

SWALI: Shangazi, shikamoo. Mimi na wifi yangu tumebishana karibu tununiane. Yeye anasema mwigizaji wa tamthilia akishapita miaka kumi kwenye sehemu moja amekwisha, hana jipya. Nikamwambia wewe uliwahi kumtaja hapa mama wa Kimarekani aliyecheza mhusika mmoja mpaka kufa kwake. Hataki kuamini. Ni nani huyo, na je, hakuna aliyempita? — Msomaji, Likoni

JIBU: Marahaba, mwanangu. Mwite wifi yako akae kitako, maana swali hili nimelisubiri siku nyingi.

Anaitwa Helen Wagner. Alizaliwa Lubbock, Texas, tarehe 3 Septemba 1918, akasoma Chuo cha Monmouth huko Illinois, kisha akaingia New York kutafuta riziki jukwaani, akiimba na kuigiza. Tarehe 2 Aprili 1956 kituo cha CBS kilianza kurusha tamthilia mpya ya mchana, As the World Turns, na maneno ya kwanza kusikika yalikuwa ya kwake: “Habari za asubuhi, mpenzi.” Anamwambia mumewe Chris, wakili wa Oakdale, mji wa kubuni. Ndivyo ilivyoanza. Hakuna aliyeuawa, hakuna aliyefumaniwa. Ni mke na mume na asubuhi yao. Mke huyo, Nancy Hughes, Wagner alimcheza hadi mwaka 2010. Alifariki tarehe 1 Mei mwaka huo akiwa na miaka 91, bado yumo kwenye orodha ya waigizaji.

Wifi yako nisimfiche kitu. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 Wagner aliondoka kwa muda, wakati wahusika wazee walipopunguziwa sehemu na hadithi kupewa vijana. Alirudi katikati ya muongo huohuo. Na ndiyo, aliyempita yupo: William Roache wa Uingereza, anayemcheza Ken Barlow katika Coronation Street tangu Desemba 1960. Lakini siku Wagner anafumba macho, rekodi ya Guinness ilikuwa yake.

Sasa nieleze nilivyomjua, maana sikumjua magazetini. Kati ya 2006 na 2010 nilikuwa New Jersey nikifanya kazi ambayo wengi wetu tumeifanya kule: kutunza wazee majumbani mwao. Kuogesha, kulisha, kuhesabu vidonge, kugeuza mtu kitandani asipate vidonda. Bibi niliyemtunza alikuwa na miaka 84 nilipofika. Siku ya kwanza tu alinipa sharti moja: saa nane mchana nisimwogeshe, nisimlishe, nisimwite. Saa nane ilikuwa ya Nancy. Aliianza tamthilia ile siku yake ya kwanza, ana mtoto mchanga kifuani, na mtoto huyo nilimkuta ana wajukuu.

Wiki za mwanzo nilikaa pembeni nikikunja nguo, sielewi nani ni mke wa nani. Kilichonivuta ni jinsi yule mama alivyokuwa akisikiliza. Kaa uitazame tamthilia yoyote ya kwetu usiku wa leo: mmoja anasema, mwenzake anangoja zamu yake, macho yameshaenda kwenye maneno yatakayofuata. Nancy hakuwa hivyo. Mjukuu anamweleza mashaka yake mezani, naye ameshika kikombe, hanywi, hakiweki chini. Kinabaki hewani usawa wa kidevu mpaka mtoto amalize. Ndipo anakiweka mezani polepole, na wewe uliyekaa kwako umeshajua kuwa habari imemwingia. Hajasema neno. Bibi yangu aligonga mkono wa kiti kwa kidole akaniambia, “Umeona?” Kweli nilikuwa nimeona, na tangu siku hiyo nguo nilikunja usiku.

Mwambie wifi yako pia jambo hili. Hadi mwaka 1975 tamthilia ile ilirushwa moja kwa moja. Ukisahau neno umesahau mbele ya nchi nzima, hakuna kurudia. Na katika miaka hiyo ndipo ilipoangukia Ijumaa ya tarehe 22 Novemba 1963. Kipindi kilianza saa saba na nusu mchana kwa saa za New York. Nancy alikuwa anamweleza baba mkwe wake, aliyechezwa na Santos Ortega, kwamba Bob, mwanawe, amemwalika mtalaka wake Lisa kwenye chakula cha sikukuu ya Shukrani. Dakika kumi baadaye picha ikakatika, likaja bango la habari na sauti ya Walter Cronkite, mtangazaji wa habari wa CBS, ikitangaza kwamba Rais Kennedy amepigwa risasi Dallas. Ilikuwa sauti tupu, kwa sababu kamera ya chumba cha habari ilihitaji muda kupata moto kabla ya kutoa picha. Mle studio Wagner na Ortega hawakuambiwa kitu. Waliendelea kuigiza palepale, habari za chakula na mtalaka, na mtazamaji alirudishiwa vipande vyao hadi taarifa zikatawala kabisa.

Bibi yangu siku hiyo alikuwa anapiga pasi. Aliniambia shati la mumewe liliungua alama ya pasi nzima mgongoni, na hakulitupa, alilikunja akaliweka. Nilimuuliza kwa nini. Akasema, “Nilikuwa na Nancy niliposikia.” Akasema hivyo kama mtu anayetaja jirani.

Na hapo ndipo ninapopingana na wifi yako kwa moyo wangu wote. Jipya alilokuwa nalo Wagner lilikuja kadiri alivyozidi kuzeeka na mhusika wake. Don MacLaughlin, aliyekuwa Chris kwa miaka 30, alifariki mwaka 1986, na Nancy naye akafanywa mjane. Yale machozi mwigizaji hakuyatafuta mbali. Baadaye Nancy aliolewa tena, na askari mpelelezi Dan McClosky, kisha mume huyo akapata ugonjwa wa kusahau wa Alzheimer. Bibi yangu alikuwa amemuuguza mumewe kwa maradhi hayohayo. Aliniambia Nancy ndiye aliyemfundisha kutobishana naye. Mgonjwa akisema mama yake yuko mlangoni, usimwambie mama yako alikufa. Muulize amevaa nini. Mimi nilikuwa na cheti cha kutunza wazee ukutani, na jambo hilo nililipata kwa mama wa runinga, kupitia kwa mgonjwa wangu. Nililitumia kwake yeye mwenyewe mwaka wa mwisho.

Mwaka 2004 alipewa tuzo ya heshima ya maisha katika Emmy za mchana, tuzo za runinga za Marekani, pamoja na wakongwe wenzake kadhaa, akiwemo Eileen Fulton, yule Lisa mtalaka. Tuzo ya kushindania hakuwahi kushinda. Mtu anayesikiliza vizuri hashindi tuzo kwa urahisi.

SWALI: Shangazi, kwa nini tamthilia hizi zinaitwa za sabuni? Mwalimu wetu alisema ni kwa sababu zinatoa machozi kama sabuni ikiingia jichoni. — Mwanafunzi, Morogoro

JIBU: Mwalimu wako kakisia. Ni biashara tu. Marekani ya miaka ya 1930, redio ilisikilizwa mchana na akina mama waliobaki nyumbani, na waliotaka kuwauzia kitu walikuwa watengenezaji wa sabuni. Kampuni ya Procter & Gamble iligharimia mchezo wa Ma Perkins kuanzia 1933 ili kuuza sabuni ya kufulia ya Oxydol. Jina likaganda. Hata As the World Turns ilikuwa mali ya Procter & Gamble. Aliyeitunga, Irna Phillips wa Chicago, alianza na redio mwaka 1930, na ndiye aliyeshikilia kuwa robo saa haitoshi, lazima iwe nusu saa, ili watu wapate nafasi ya kukaa kimya na kutazamana. Bila nusu saa hiyo, kikombe cha Nancy kisingepata muda wa kubaki hewani.

SWALI: Shangazi, mimi ni mwigizaji hapa Dar, nina miaka 29. Tangu nianze napewa umama tu. Mwaka jana nilimcheza mama wa kijana ambaye kwa kweli nimemzidi miaka mitatu. Naogopa nitazeekea humo. Na yule Mmarekani unayemsifu, alipofariki walimtafuta mwingine wa kumrithi? — Msomaji, Tabata

JIBU: Pole, mwanangu, na hongera vilevile, kwa sababu kuaminiwa umama ukiwa na miaka 29 ni kipaji. Wagner alikuwa na miaka 37 alipoanza kuwa mama wa watoto waliokwisha kukua. Don Hastings, aliyemcheza mwanawe Bob kuanzia mwaka 1960, alizaliwa 1934. Kamzidi miaka 15 na ushei! Ukiwatazama hufanyi hesabu, kwa sababu anamkosoa namna ya kula kama mama.

Kwa hiyo miaka isikusumbue sana. Kinachonitia wasiwasi ni mkataba. Kule Marekani mikataba ya tamthilia za mchana huwa na vipindi vya wiki 13, na kila kipindi kikiisha mwajiri anaweza kukuacha. Ni ukatili, lakini unaujua tangu mwanzo. Wewe umesaini nini? Soma kipengele cha marudio: kipindi kikirushwa tena, au kikiuzwa kituo kingine, unapata chochote? Mimi niliwahi kumsaidia binti wa ndugu yangu kusoma karatasi zake, za mtayarishaji mmoja nisiyemtaja, tukakuta amekubali sura yake itumike “popote na wakati wowote” kwa malipo ya mara moja. Alisaini kwenye bodaboda, karatasi juu ya goti. Usisaini hivyo. Nenda nayo nyumbani, lala nayo, mpe mtu mwingine aisome.

Na ukipewa mama tena, mpe kitu chake mwenyewe. Anashikaje kanga akiwa amekasirika? Anapepeta mchele akiwa na wasiwasi, au anauacha? Amua kabla hujafika kupigwa picha.

Swali lako la mwisho. Hapana, hawakumtafuta mwingine. CBS ilikuwa imeshatangaza Desemba 2009 kwamba tamthilia yenyewe itafungwa. Wagner alitangulia kwa miezi minne na nusu. Tamthilia ikamzika Nancy pia, na wiki za mwisho zikaendelea bila yeye. Kipindi cha mwisho, cha 13,858, kilirushwa Ijumaa, tarehe 17 Septemba 2010.

Siku hiyo Bibi yangu alikuwa haketi tena. Nilimwinua kwa mito mitatu, nikaligeuza kabati la runinga limwelekee. Mwishoni kabisa Don Hastings, yule Bob, sasa mzee mwenye mvi, anafungasha vitu vyake ofisini hospitalini, anatazama huku na huku, anasema, “Usiku mwema.” Basi. Tamthilia iliyofunguliwa na mama kwa habari za asubuhi ilifungwa na mwanawe kwa usiku mwema, miaka 54 katikati.

Bibi alikaa kimya hadi matangazo yakaanza. Kisha akaniomba ile sanduku ya chini ya kitanda. Shati lilikuwemo, jeupe lililogeuka manjano, na alama ya pasi mgongoni, kahawia, ncha imeelekea kwenye kola. Aliliweka mapajani akalilaza mikunjo kwa kiganja, huku na huku, kama anayetaka kulipiga pasi. Nikamletea dawa zake za saa tisa.