Azimio la kazi katika mahabusu ya watoto

SWALI: Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi na nimeombwa kufundisha katika mahabusu ya watoto. Mmoja hajui kusoma, mwingine alikuwa kidato cha pili. Wapo wanaoondoka baada ya wiki mbili na wapo wanaokaa miezi. Nipange vipi masomo, na je, cheti kitaje kituo? (Mwalimu, Tanga)

JIBU: Mwalimu, mahabusu ya watoto humpokea mtoto ambaye shauri lake bado linasikilizwa, ilhali shule ya maadilisho, kama ile ya Irambo mkoani Mbeya, humpokea aliyekwisha kutolewa amri na mahakama, kwa kuwa Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 hairuhusu mtoto kuhukumiwa kifungo. Mwalimu wa Irambo anaweza kufuata mihula. Wewe huwezi, maana mwanafunzi wako anaweza kupata dhamana kesho asubuhi na usimwone tena. Kwa hiyo weka kando azimio la kazi, yaani mpango wa masomo, la muhula mzima, na kila somo lianze na kumalizika siku hiyohiyo.

Mtoto anapofika, mpime stadi za kusoma, kuandika na kuhesabu kwa aya fupi na hesabu chache, akiwa peke yake nawe. Faragha hiyo ni ya lazima, kwani kijana wa miaka 16 asiyejua kusoma yuko radhi aonekane mtukutu kuliko kufichuka mbele ya wenzake. Kisha wagawe kwa uwezo, si kwa umri. Mafunzo ya cherehani na useremala yana thamani yake, ila yasichukue nafasi ya kusoma: fundi asiyeweza kuandika vipimo vya mteja hafiki mbali.

Kwa kila mtoto tunza karatasi moja inayoonyesha alipofikia, umkabidhi afisa ustawi wa jamii ili imfikie mwalimu wa shule atakayorudi. Aliye darasa la saba asisubiri. Wasiliana mapema na shule aliyosajiliwa kuhusu mtihani wake.

Kuhusu cheti, Kanuni za Havana za kuwalinda watoto walionyimwa uhuru, zilizopitishwa na Umoja wa Mataifa mwaka 1990, zinataka kisionyeshe kwa namna yoyote kwamba mtoto aliwahi kuzuiliwa. Mhuri wa kituo pekee unatosha kuvunja kanuni hiyo, hata kama maandishi yote ni safi. Afadhali kitolewe na shule ya jirani au chuo cha ufundi stadi mnachoshirikiana nacho.