Barua kwa Mwanangu Fumo, Kuhusu Jina Lake

Mwanangu Fumo,

Waalaikumu salaam. Ujumbe wako nimeupata, na salamu za mkeo zimenifikia. Mwambie apumzike, asiinue ndoo za maji, na akila ale akashiba. Miezi hii ya mwisho ndiyo mizito.

Umeniuliza: "Mama, Fumo maana yake nini hasa, na jina hili limetoka wapi? Baba mkwe ananiuliza, kwa kuwa tumesema mtoto akiwa wa kiume tungependa kumwita hivyo, nami sikuwa na la kumjibu." Nimestaajabu kusikia hukuwa na la kumjibu, maana umelelewa na habari hizi. Lakini ya utotoni huingia sikio hili yakatokea lile. Basi nitakujibu.

Maana yake si ndefu. Fumo ni mkuki, ule wenye bapa pana. Na katika Kiswahili cha kale cha kwetu kaskazini, Fumo ni mtawala, mwenye mji wake. Masultani wa kisiwa cha Pate, wa ukoo wa Nabahani, walilitanguliza mbele ya majina yao: Fumo Madi, Fumo Luti. Ahmed bin Fumo Luti, yule waliyemwita Simba, ndiye aliyehamia bara akausimamisha usultani wa Witu, na aliyekalia kiti baada yake ni Fumo Bakari. Huyo Fumo Bakari hakukaa sana. Wajerumani na Waingereza walikwisha kugawana nchi kwa mkataba wa Julai 1890, pasi na yeye kuulizwa. Mwezi Septemba Wajerumani kadhaa wakauawa Witu, na mwezi Oktoba manowari za Kiingereza zikashusha askari, mji ukachomwa. Mwaka uliofuata mwenyewe akafa. Babu yangu alipofika hapo kwenye kusimulia alikuwa akinyamaza, kisha anarudi nyuma kwa Fumo Madi, kana kwamba hataki simulizi iishie kwenye majivu.

Na mwambie baba mkweo kwamba jina hili halikuja na jahazi. Wachewa wa Malawi wakimtaja chifu husema mfumu. Wakongo, huko upande wa pili wa Afrika, nao husema mfumu. Wareno walipopita kando ya mto Zambezi waliandika kwamba wakubwa wa nchi ile huitwa fumo. Kwa hiyo ni neno la Kibantu, la zamani sana, na pwani tulilishika tukalipa heshima yake. Akikuambia kwamba kwao Tanga watu watalisikia wakakumbuka fumanizi, mjibu kwa adabu kwamba hilo umeshaitwa chuoni tangu una miaka sita na hukufa nalo.

Hayo ndiyo uliyouliza. Lakini mwanangu, maana ya jina mtu yeyote anaweza kukupa. Mimi ningependa ungeniuliza ulipewa na nani, na mbele ya nani.

Ulipewa na mimi. Babu yangu mzaa baba aliitwa Fumo, yule nahodha aliyekuwa akipeleka boriti Mombasa. Unaijua picha yake, ile iliyo juu ya kabati kwa mjomba wako. Alikuwa anaujua kwa ghibu utenzi wa Fumo Liyongo, yule shujaa wa kale wa pwani. Usiku wa kaskazi, upepo ukivuma, alikuwa akitukalisha barazani akausoma kwa sauti ya kuimba, na ukilala ukiamka bado anasoma. Alipokufa, jina likafa naye nyumbani kwetu. Kaka zangu walipewa majina mengine, mazuri yote, lakini Fumo halikurudi. Watu wa wakati ule walikuwa wameanza kuyaonea haya majina ya kale. Nami tangu ningali msichana nilikuwa nimeweka nia kwamba nikijaaliwa mtoto wa kiume, jina hili litarudi. Jina hurithiwa, haliokotwi. Wewe umenisikia nikilisema hili mara nyingi hata umechoka, na bado nitalisema.

Siku ya saba ulipozaliwa, nyumba ilijaa. Mbuzi wawili wa akika walikuwa wamekwisha kuchinjwa, na wewe ulikuwa umenyolewa, umelala mapajani kwa bibi yako mzaa baba, kichwa kinang'aa. Ami yako mkubwa ndiye aliyekaa mahali pa baba, kwa kuwa babu yako wa upande huo alikuwa marehemu. Wote walikuwa wanangoja litajwe jina la huyo babu, maana ndiyo mila: mtoto wa kiume wa kwanza humrithi baba wa babake. Babako na mimi tulikuwa tumekwisha kuzungumza kabla. Alinikubalia, akasema wa pili ndiye atakayempokea babake. Lakini hakuwa amemwambia kaka yake. Babako alikuwa mtu wa maneno machache, unamjua, na kwa kaka yake yalikuwa machache zaidi.

Basi ami yako akauliza, "Mtoto aitwa nani?" Babako akasema, "Fumo." Ami yako akamtazama, akasema hilo si jina la Kiislamu, ni jina la kijahili, tena ni la ukoo wa mwanamke. Akayasema hayo mimi nipo chumba cha pili, mlango uko wazi, na mama yangu amekaa kando yangu. Halafu akainuka, akachukua bakora yake, akatoka. Dua ikasomwa bila yeye. Chakula kikaliwa bila yeye.

Mwenyezi Mungu amrehemu, nami sipendi kumsema maiti. Lakini nimeanza, acha nimalize. Maisha yake yote hakukuita kwa jina lako. Alikuita "kijana", au "mtoto wa ndugu yangu". Siku ya mazishi ya babako, watu walipokuwa wakikupa mkono wa rambirambi, alikutambulisha kwa wageni kama "huyu kijana wetu mkubwa". Nililisikia nikiwa ndani. Hili mpaka leo linanichoma, mwanangu, na nadhani wewe hukuliona, au uliliona ukanisitiri.

Kuhusu dini alikuwa amekosea, na nitalisema hata kwa baba mkweo akitaka kuliuliza. Mtume, rehema na amani zimshukie, alifundisha kwamba majina yapendezayo zaidi kwa Mwenyezi Mungu ni Abdallah na Abdurahmani. Sikatai. Na yale yenye maana mbaya aliyabadilisha: mwanamke aliyeitwa Asiya, kwa maana ya mwenye kuasi, alimwita Jamila. Sasa Fumo ina ubaya gani? Ni mkuu wa watu. Mbona tuna watoto wangapi wanaoitwa Sultani, na hakuna anayetoka chumbani akichukua bakora? Dini imetaka jina jema. Kuwa jema hakulazimu litoke Uarabuni.

Kuhusu ukoo wa mwanamke, hapo alikuwa na neno, na nimejibishana na nafsi yangu mara nyingi. Nasema jina hurithiwa, haliokotwi. Basi mbona nililipindisha la babu yako upande ule? Wao nao walikuwa na mrithi wao anayengoja. Halafu najijibu: halikupotea, nduguyo aliyekufuata alilipokea, na leo analitumia vizuri. La kwetu ndilo lililokuwa linakufa. Nikiyapima hayo mawili, jina lenye watu kumi wa kulibeba na jina lisilo na hata mmoja, siwezi kujuta. Lakini naelewa kwa nini bibi yako alilia siku ile. Hakuwa analia kwa hasira.

Nisiache kukwambia aliyoyafanya babako. Usiku wa siku ile ile, watu walipoondoka, aliingia akakutwaa, akakaa nawe karibu na taa. Adhana na ikama ulikwisha kusomewa ulipozaliwa. Yeye akainamisha mdomo sikioni mwako akakuita jina lako, pole pole, mara nyingi, kama anayekufundisha. "Fumo. Fumo. Fumo, mwanangu." Mtu ambaye mchana hakuweza kumjibu kaka yake. Nilikuwa kitandani nimejifanya nimelala. Furaha niliyoipata usiku ule sijaipata tena, na arusi yako naihesabu.

Sasa liko jambo ambalo baba mkweo hakukuuliza, lakini akiulizia kwa wanaojua ataambiwa, basi heri alisikie kwako. Atasema: Fumo mwenye sifa kuliko wote ni Fumo Liyongo, na huyo aliuawa na mwanawe. Ndivyo. Utenzi alioutunga Muhammad Kijumwa wa Lamu mwaka 1913 unasimulia yote. Mfalme wa Pate alimwogopa Liyongo, akamrubuni mtoto kwa ahadi ya cheo na ya kuozwa. Mtoto akamwuliza babake ni kitu gani kinachoweza kumuua, na Liyongo, naye akijua mwanawe ametumwa, akamwambia: sindano ya shaba kitovuni. Akadungwa usingizini. Akaamka, akatwaa upinde wake, akaenda karibu na kisima, akapiga goti, akavuta mshale, akafa vile vile. Mji mzima ukakaa na kiu, kwa kuwa hakuna aliyethubutu kusogea. Walidhani yu hai.

Ami yako hilo nalo alilitaja baadaye, kwa watu, likanifikia: mama gani humpa mwanawe jina la mtu aliyemalizwa na mwanawe? Lilinikaa usiku mwingi. Na sasa wewe mwenyewe Fumo wataka kumzaa Fumo, limenirudia. Je, ni fali mbaya? Hapana. Nasema hapana. Kilichomfanya mtoto wa Liyongo amuue babake ni tamaa, na hata alichoahidiwa hakukipata. Hilo si jambo la jina.

Tena mimi nikiusikiliza utenzi ule simsikilizi sana mtoto. Namsikiliza mama. Liyongo alipofungwa gerezani, mamake alikuwa akimpelekea chakula kizuri, na walinzi wanakila wao. Liyongo akamtuma mjakazi Saada kumwambia mamake atengeneze mkate wa wishwa, yale makapi ya nafaka, atie ndani tupa ya kukerezea chuma. Walinzi walipouona ni wa wishwa wakaudharau, wakamtupia mfungwa. Kisha Liyongo akaomba apigiwe ngoma ya gungu nje, na zile ngoma zikifunika sauti, yeye anakereza pingu zake mpaka zikakatika. Fikiri yule mama jikoni, anakanda wishwa mikono inatetemeka, na hawezi kumwambia mtu. Na mwishoni, mwanawe alipopiga goti pale kisimani, ni huyo huyo waliyemwendea wakuu wa mji kumsihi amtulize, apate watu kuteka maji. Akaenda kila siku, akamwimbia, akambembeleza, hajui kwamba anambembeleza maiti. Babu yangu akifika hapo alikuwa hasomi tena kwa kuimba. Alikuwa anasema tu.

Kaburi la Liyongo huonyeshwa Kipini, penye mlango wa mto Tana. Babu alikuwa akisema atanipeleka, hakujaaliwa. Wewe ukija na mkeo, siku mtoto akiwa amepata nguvu, tutakwenda sote.

Mengine usimfiche baba mkweo. Mwambie kwamba Liyongo alikuwa mshairi kabla ya kuwa shujaa, na kwamba nyimbo zake za gungu zimehifadhiwa hadi leo. Mwambie maadui zake walipoweka kikoa, yaani kula pamoja kwa zamu, cha makoma, matunda ya mti wa mkoma, ili kila mmoja aupande mkoma zamu yake, na nia yao wampige mishale zamu yake itakapofika, yeye hakupanda. Aliyaangusha makoma kwa mshale, akiwa chini amesimama. Hata mtu asiyetaka jina hili ataipenda habari hiyo.

Umeniandikia mwishoni, "Mama, wewe waonaje, tumpe au tusimpe?" Nilijiambia hili sitalijibu. Mtoto ni wenu, na mkeo ndiye atakayekuwa akimwita toka jikoni mara mia kwa siku. Jina lisipomkaa yeye ulimini, halina faida. Na baba mkweo ana haki yake, naye ana marehemu wake. Mimi nilisimama na langu kwa gharama yake, na gharama nyingine uliilipa wewe. Kwa hiyo siwezi kukwambia mpe. Moyo wangu unajua unachokitaka na wewe pia unakijua, kwa hiyo sina haja ya kuandika.

Ninachoomba ni kimoja. Msiamue siku ya saba mbele ya watu. Nenda kwa baba mkweo mapema, wewe mwenyewe, si kwa simu. Mweleze yote haya, pamoja na la sindano, umsikilize atakavyojibu, na usinyanyuke kabla hajamaliza. Ikiwa anataka jina la babake, mwulize babake alikuwa mtu wa namna gani, akusimulie. Jina hurithiwa, haliokotwi, na wao pia wana la kurithisha. Mkikubaliana lolote, nipigieni kabla sijapanda basi, nije nikilijua, niweze kumwita tangu mlangoni.

Mamako.