Kurukwa daraja: usianzie CMA

Nesi wa serikali aliyerukwa daraja huku wenzake wakipanda, je, aende kulalamika CMA Arusha, yaani Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ya migogoro ya kazi? Hapana, CMA watamrudisha. Tangu mabadiliko ya 2016, kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma kinamtaka mtumishi amalize kwanza njia za sheria hiyo, na Mahakama ya Rufani ilishakazia hilo 2022 kwenye kesi ya Shirika la Posta.

Aanze na barua kwa mwajiri, ipitie kwa mkuu wake wa kazi, akiomba sababu za wenzake wa sifa zilezile kupanda yeye akabaki. Nakala yake igongwe muhuri wa kupokelewa na tarehe! Nimekaa masijala Moshi miaka mingi. Barua isiyo na muhuri siku ya siku ni kama haikuandikwa. Asiporidhika na jibu, Tume ya Utumishi wa Umma, na rufaa ina siku 45 tangu apokee uamuzi. Juu ya Tume ni Rais. Mahakama Kuu, kwa maombi ya mapitio ya uamuzi wenyewe, ni mwisho kabisa, na kibali cha kufungua maombi hayo kinaombwa ndani ya miezi 6.

Ila ajue, mahakama haimpandishi mtu daraja. Inaweza kufuta uamuzi au kumlazimisha mwajiri autazame upya, basi. Na kupanda kunategemea pia tathmini ya utendaji na nafasi kwenye ikama (idadi ya watumishi iliyoidhinishwa) na bajeti, kwa hiyo aangalie kwanza kama taarifa zake kwenye mfumo wa taarifa za watumishi zimekaa sawa. Wengi hukwama hapo hapo.

Akiwa mwalimu, mlango wake ni TSC, Tume ya Utumishi wa Walimu.