Isle de Jean Charles: nani walitangulia?

Si Wafaransa tu, ingawa jina linadanganya hivyo. Wakazi wa kijiji hicho cha Louisiana, Marekani, ni wazao wa wenyeji asilia, Wabiloxi, Wachitimacha na Wachoctaw, waliokimbilia kwenye vinamasi karne ya 19 wakikwepa kuhamishwa kwa nguvu. Simulizi zao zinasema Mfaransa Jean Marie Naquin alimwoa Pauline Verdin, binti wa kienyeji, ndugu zake Jean Marie wakamkataa, akahamia huko. Jina la kisiwa ni la baba yake, Jean Charles! Sensa ya 1880 ilikuta familia nne tu.

Kuhusu "kisiwa" ("Isle" kwa Kifaransa), kilikuwa ukanda mwembamba wa ardhi ngumu kando ya bayou, yaani mkono wa maji unaojikokota. Maji yakifurika huacha tope zito ukingoni, kwa hiyo ukingo huinuka kuliko kinamasi cha nyuma yake. Ndiyo maana nyumba zilipangwa mstari mmoja. Pande zote palikuwa na nyasi za kinamasi na malisho, si bahari wazi kama inavyoonekana kwenye picha za sasa.

Bahari imeingia baadaye: kuta za udongo zilizojengwa kando ya mto Mississippi zilizuia tope jipya, mifereji iliyochimbwa kwa ajili ya mafuta ikaleta maji ya chumvi, na vimbunga vikamalizia. Tangu 1955 ardhi imepotea kama asilimia 98. Wengi walihamishiwa karibu na mji wa Schriever mwaka 2022, ila wapo waliogoma kuondoka.