Bwana Shamba Anajibu: Mikorosho yangu inachanua, mbona haizai?

SWALI: Shikamoo Bwana Shamba. Uani kwetu kuna mikorosho mitatu aliyoipanda marehemu baba kwa mbegu. Imesongamana, matawi yameingiliana hadi chini yake hakuoti hata jani. Kila mwaka inachanua sana, halafu maua yanageuka meusi na kukauka, naambulia korosho za kuonja watoto. Jirani mmoja ananishauri nigongelee misumari kwenye shina, mwingine anasema nimwage mbolea. Nifanyeje?
Mama Wawili, Masasi

JIBU: Marahaba, mwanangu. Misumari usigongelee, inaujeruhi mti bure. Mbolea nayo haiwezi kuokoa ua lililokwisha ungua.

Mwezi wa saba, maua yakianza kutoka, amka alfajiri umande ungalipo, ukate kichala kimoja ukiangalie kwa karibu. Ukiona unga mweupe juu ya vitumba na vijiti vyake, unaofutika kwa kidole, huo ni ugonjwa wa ubwiriunga. Baada ya siku chache ua hugeuka la kahawia, kisha jeusi. Lakini ukikuta hakuna unga, ila machipukizi laini yana madoa meusi marefu na ncha zimekauka, hao ni mbu wa mikorosho, wadudu wanaofyonza utomvu. Tofauti hiyo ishike sana, kwa sababu salfa, dawa ya ubwiriunga, haiui mbu, na nimewaona wakulima wengi wakimaliza fedha kupulizia kisichohusika. Kwa maelezo yako, wako ni ubwiriunga.

Ugonjwa huu tunaujua vizuri sisi watu wa kusini. Msimu wa 1973/74 Tanzania ilivuna korosho tani 145,000 hivi. Kufikia 1986/87 hazikufika 17,000. Bei mbaya na kuhamishiwa watu kwenye vijiji vya ujamaa, mbali na mashamba yao, vilichangia sana. Hata hivyo aliyebaki na mikorosho yake alikutana na huo unga. Nilikuwa bwana shamba kijana Newala wakati huo, na mpaka leo siwezi kupita chini ya mkorosho uliochanua bila kuinua macho kutazama maua.

Ubwiriunga unapenda baridi ya kipupwe, umande na kivuli. Majani yaliyokomaa hauyadhuru. Unashambulia vilivyo laini, yaani machipukizi na maua. Ndiyo maana mikorosho yako iliyokumbatiana inaufaa mno. Nafasi inayoshauriwa ni mita 12 kati ya mti na mti. Mmoja lazima uondoke, na ningeondoa wa katikati. Najua ni mkono wa marehemu baba, na si jambo dogo kumwambia mtu akate alichoachiwa na mzazi. Lakini mkorosho huzaa pembezoni mwa mwavuli wake, pale jua linapofika. Miwili yenye nafasi itakupa zaidi ya mitatu inayosongana.

Mavuno yakiisha, pogolea matawi makavu na yanayogusa ardhi. Kisha mwezi wa tano au wa sita, kabla ya maua, ondoa maotea yote ndani ya mti. Vichipukizi hivyo vya kivulini ndimo ugonjwa unamojificha ukisubiri maua. Kazi hii haina gharama, panga na mkono wako tu, na bado ndiyo inayorukwa kuliko zote.

Salfa ya unga inakinga, haiponyi. Anza vichala vya kwanza vinapochungulia, gramu 250 kwa mti, urudie kila baada ya siku 14 hadi maua yatakapokwisha kutunga. Pulizia asubuhi mapema, pana umande na hakuna upepo, ili unga ushike. Kwa miti miwili usinunue bomba, kodisha mtu mwenye nalo. Afunike pua na macho, na watoto wakae mbali.

Kama mmoja bado utakuwa mchoyo, unaweza kuukata na kubebesha machipukizi yatakayoota kwenye kisiki, yaani kuyaunganisha na vikonyo (vijiti vichanga) vya mti bora. Kituo cha utafiti wa kilimo cha TARI Naliendele, hapo Mtwara, ndio wenye aina zilizochaguliwa kwa uzazi mzuri. Muulize kwanza afisa ugani wako.

SWALI: Korosho zangu nizichume bibo likianza kuiva?
Msomaji, Kilifi

JIBU: Hapana, ziache zianguke zenyewe. Korosho ndiyo hutangulia kukua hadi ukubwa wake, bibo huvimba baadaye, kwa hiyo ya kijani inaweza kukudanganya kwa ukubwa na kiini chake bado maji. Fagia chini ya mti, okota kila siku, hasa mvua ikinyesha. Zungusha bibo litoke bila kuacha nyama, maana nyama hiyo ndiyo inayoleta ukungu. Anika juani siku mbili tatu. Ukizitikisa zikilia kavu, tia kwenye gunia la katani, si mfuko wa nailoni. Na ukizibangua nyumbani usimpe mtoto kazi hiyo. Mafuta ya ganda yanaunguza ngozi, na moshi wake unachoma macho, kwa hiyo kaangia nje, mahali penye hewa, na upake mikono majivu au mafuta ya kupikia kabla ya kupasua.